Siku Mama Radi Alipochelewa

Tangu mjomba wangu Kasiani apate simu ya tachi, sina asubuhi. Sijapiga mswaki, sijajua kama mkaa umeshika, na tayari kundi la familia limeshapokea hekima. "Shujaa ni mtu wa kawaida aliyekataa kukaa chini." Jua halijatoka hapa mtaani Shanwe na mtu ameshaniamuru nisikae chini. Kesho yake inakuja nyingine: "Ubunifu ni kuona mlango pale wenzako wanapoona ukuta." Chini yake anabandika maua mawili na mikono ya sala. Mimi hujibu "Asante mjomba" huku nimekunja uso, na mume wangu, ambaye roho yake ni nyepesi, hucheka mpaka chai inampalia.

Wiki mbili zilizopita alizidisha. Vijana wa kigango chetu cha kanisa walimwalika akazungumze nao kuhusu ushujaa na ubunifu, kwa sababu wazazi wao bado wanakumbuka kwamba zamani, kabla ya simu hizi, yeye ndiye aliyekuwa akichora hadithi za katuni zilizozunguka mtaa mzima. Akanipigia. Hakuuliza watoto hawajambo wala nini. Alisema, "Mjomba, wewe ndiye mwalimu. Niandikie hotuba. Weka hekima." Mimi ni mwanamke, lakini kwetu jina hilo huenda na kurudi: yeye mjomba wangu, nami mjomba wake. Nikamwambia hekima anazo yeye, anazigawa bure kila alfajiri. Akasema zile ni za kutuma, hii ni ya kusimama mbele za watu.

Nikakaa mezani na kalamu ya kusahihishia madaftari. Kila nilipoandika neno shujaa, nilisikia makopo yananyamaza. Wenzangu wa rika langu waliowahi kulinda mpunga wanaijua sauti ya makopo, na wanajua pia kunyamaza kwake kuna maana gani. Hotuba ilikataa. Nimeikasirikia, nimemkasirikia mjomba, nimejikasirikia mwenyewe, na sasa nayaandika haya kwa sababu nimechoka kuyabeba.

Tulikuwa tunaishi chumba kimoja cha kupanga hapohapo Shanwe, mimi na Mama. Mjomba alilala kwenye jiko la nje, kati ya gunia la mkaa na kuku. Baba alikuwa ameenda kutafuta dhahabu porini na dhahabu haikumrudisha, na Mama hakuwa mtu wa kumngoja mtu mlangoni. Alipata kiwanja kidogo mwisho wa mtaa, akafyatua tofali mwenyewe, akasimamisha kuta za vyumba vitatu: chake, changu na cha mjomba. Kuta zilikuwa za tofali mbichi na hazikuwa na paa. Masika mawili alizifunika kwa nyasi na nailoni, akipanda ngazi kila wingu lilipokuwa jeusi. Fundi akamwambia wazi kwamba masika ya tatu hazitavuka. Mwaka ule Mama akakodi shamba la mpunga bondeni Kabungu, na neno lake la kila siku likawa moja: ule mpunga ndio mabati. Alilisema mara nyingi mpaka mimi, niliyekuwa darasa la pili, nikaamini kwamba tukivuna vizuri tutayakuta mabati yamelala kwenye majaruba, yanang'aa.

Mjomba alikuwa kitindamimba wa kwao, na aliletwa kutoka Mpimbwe ili amsaidie dada yake. Hilo ndilo lililokuwa wazo. Alifika na begi moja, kalamu nne za wino, na uso wa mtu aliyekuja kupumzika. Hakuwa na tabia mbaya. Hakunywa, hakutukana, hakugombana na mtu. Alikuwa tu hayupo. Ukimtuma chumvi anarudi baada ya saa mbili bila chumvi, ila ana habari ndefu ya jinsi mwanga ulivyoangukia ukuta wa mashine ya kusaga. Mama alikuwa akiapa kwamba siku moja atamfunga kengele shingoni kama mbuzi, angalau ajue yuko wapi.

Alichokuwa akifanya ni kuchora. Nakala ilikuwa moja tu, maana hakuwa na namna ya kutengeneza ya pili: daftari lililoshonwa kwa uzi wa gunia, kurasa nane au kumi, limetiwa rangi kwa binzari, kwa bluu ya kufulia na kwa majani ya kunde yaliyopondwa. Daftari lilinukia mchuzi. Lilianzia kwa mwenye duka wa kona, mzee mmoja Mwislamu mpole sana, aliyelining'iniza kwa kibanio cha nguo pembeni ya sabuni, na kutoka hapo likaenda nyumba hadi nyumba kwa zamu. Sharti lilikuwa moja: ukilisoma, unalirudisha na karatasi moja safi. Watu walileta karatasi za kufungia sukari, migongo ya kalenda za mwaka uliopita, hata bahasha zilizopasuliwa kwa wembe. Sehemu inayofuata ilichorwa kwenye karatasi za waliosoma iliyotangulia, na urefu wake ulitegemea wao. Mjomba alikuwa na msemo wa hilo, kama alivyokuwa na msemo wa kila kitu: shujaa akishinda kila ukurasa, hakuna atakayerudisha karatasi. Kwa hiyo shujaa wake alipigwa sana.

Shujaa mwenyewe aliitwa Mama Radi. Hakuruka angani wala hakuvaa joho. Alifunga kitenge kiunoni, na kichwani alikuwa na ngata ya kubebea mzigo. Alisukuma malori yaliyokwama kwenye tope, alimpiga kiboko kofi, aliwakimbiza wezi wa ng'ombe mpaka wakaomba maji. Uso wake hukuuona kamwe. Ama amegeuka, ama amefunikwa na mzigo, ama mkono umepita mbele. Nilimuuliza mjomba kwa nini hamchori uso. Akasema uso wa shujaa anauchora msomaji, yeye kazi yake ni miguu. Miguu ndiyo aliyoanza nayo siku zote, na wa kushoto wa Mama Radi aliuchora umetupwa nje kidogo. Alisema ukitaka kujua kama mtu ni jasiri usimtazame macho, macho yanadanganya. Tazama miguu yake imeelekea wapi. Alisema adui mpe sababu, maana adui asiye na sababu ni jiwe tu la kujikwaa. Na alisema hadithi haimo kwenye visanduku, imo kwenye ule upenyo mweupe kati ya kisanduku na kisanduku, pale ambapo hakuna mtu aliyechora kitu. Haya yote aliyasema amelala chali kwenye mkeka, mguu juu ya goti, huku Mama akipita na ndoo ya tatu kutoka bombani.

Nakiri nilimpenda kuliko mtu yeyote. Hadi leo, mbele ya darasa lililojaa mpaka dirishani, nikichora mtu ubaoni naanzia miguuni. Ndiyo maana ananichosha kuliko wengine. Mtu asiye na lolote akikuchosha unamsahau. Huyu aliyoyasema yalikuwa ya kweli, na ndoo hakubeba.

Kosa langu lilikuwa kuyachukua maneno yake kama yalivyo. Niliamini Mama Radi yupo. Si yupo kwa namna ya hadithi. Niliamini anaishi mahali fulani nyuma ya vilima, na kwamba mjomba anapata habari zake kwa njia za watu wazima kisha anazichora, kama vile redio inavyosoma habari za wafu na za mikutano. Malori yaliyokwama niliyaona kwa macho yangu, na kesho yake hayakuwepo. Nani aliyatoa? Sikuona haja ya kumuuliza mtu.

Mpunga ulipoanza kuingia maziwa, punje zikiwa bado laini, tulihamia Kabungu wote watatu, kwenye kibanda cha nyasi kando ya shamba, maana shule ilikuwa imefungwa. Anayejua mpunga anajua majuma hayo. Kulima umelima, kupalilia umepalilia, kilichobaki ni ndege. Kweleakwelea hawaji mmoja mmoja. Wanakuja wingu zima, wanageuka kwa pamoja, na wakishatua, shamba lililokuwa na punje linabaki makapi kabla hujamaliza kupika ugali. Kwa hiyo katikati ya shamba hujengwa dungu la miti, na kutoka kwenye dungu hutandazwa kamba za katani kwenda pande zote, kila kamba imefungwa makopo yenye kokoto ndani. Mtu anakaa juu, ncha za kamba ziko mikononi mwake, na anavuta. Kazi hiyo haihitaji nguvu wala akili. Inahitaji kutoacha. Makopo yakinyamaza kwa muda wa kumeza mate mara mbili, ndege anajua.

Mama alikaa juu tangu mapambazuko mpaka jua linapokuwa kali. Kisha alituachia sisi, akaenda vibarua kwenye shamba la jirani, akapitia mtoni kuchota maji, na alasiri akarudi kulipokea kundi la jioni. Zamu hiyo ya mchana alimpa mjomba, na zamu ya mjomba maana yake ilikuwa zamu yangu. Yeye alikaa chini ya dungu, kwenye kivuli, ubao umelala magotini, anachora. Mimi nilikuwa juu navuta. Kila baada ya muda aliita "vuta, mjomba" bila kuinua kichwa, na mimi nilivuta mpaka viganja vikawa na malengelenge, na sikulalamika hata kidogo.

Katika juma la pili alimaliza sehemu mpya, na mimi nikawa msomaji wa kwanza. Lilikuwa shamba letu. Hakubadilisha kitu: dungu letu lenye mguu mmoja mfupi, kisiki kilichoungua, kibanda chetu chenye mlango wa gunia. Juu ya dungu kulikuwa na mtoto wa kike ameshika kamba. Kisanduku cha pili, wingu la ndege. Cha tatu, kamba zinakatika. Cha nne, makopo yote yamelala kimya. Ukurasa wa mwisho ulikuwa na kisanduku kimoja kikubwa: kwa mbali, kwenye tuta la shamba, anakuja Mama Radi mbio, na mguu wake wa kushoto umetupwa nje kidogo kama kawaida yake. Chini mjomba ameandika: Itaendelea.

Nilimuuliza itaendelea lini. Akasema karatasi zimekwisha, mpaka turudi mjini.

Sasa hapo ndipo ubunifu wangu ulipofanya kazi, na wale wanaotusifia ubunifu kila asubuhi wanisikilize vizuri. Nilifikiri siku nzima. Nikaona jambo liko wazi: ndege wakija na makopo yakinyamaza, Mama Radi anakuja. Kila siku ndege wanakuja, lakini mimi navuta kamba. Kwa hiyo mimi ndiye ninayemzuia.

Siku iliyofuata Mama alichelewa mtoni. Jua lilikuwa limeshaanza kushuka, na ndege wakaja. Niliwasikia kabla ya kuwaona, kama mvua inayotembea juu ya majani makavu. Wingu likapanda, likageuka, likawa jeusi, likageuka tena likawa jepesi kama vumbi. Mikononi nilikuwa na kamba sita. Niliziweka chini, moja moja, kwa adabu, kama unavyoweka vyombo mbele ya mgeni. Makopo yakagongana mara ya mwisho yakatulia. Nikaketi sawasawa, nikatazama tuta.

Sijui mjomba alichukua muda gani kugundua. Alikuwa amepata kipande cha gazeti na alikuwa akichora vidole vya miguu pembezoni mwake. Aliita mara moja, aliita mara ya pili, kisha akapanda juu ya dungu. Akaziona kamba zimelala. Akaiona mikono yangu magotini.

"Vuta, mjomba, wanakula."

"Nikivuta hatakuja," nikamwambia.

Nimeona nyuso nyingi tangu siku ile, za watoto waliofeli, za wazazi walioitwa shuleni, lakini uso ule sijauona tena. Alielewa kila kitu kwa mara moja. Hakunigombeza. Alizinyakua kamba zote, akavuta mpaka mbili zikakatika kweli, akaruka chini akaingia kwenye mpunga akipiga kelele na kupunga lile daftari. Ndege waliinuka upande mmoja wakatua upande mwingine. Wakishaonja yale maziwa hawamwogopi mtu mmoja, hasa mtu ambaye sauti yake haijazoea kutumika.

Ndipo nikamwona anakuja. Kwa mbali, kwenye tuta, kitenge kiunoni, ngata kichwani, ndoo ameshaitupa. Alikuwa akikimbia na mguu wake wa kushoto ulikuwa ukitupwa nje. Nilisimama juu ya dungu nikapiga makofi. Nilikuwa nimeshinda. Kisha akakaribia, na shujaa akapata uso, na uso ulikuwa wa Mama, na Mama alikuwa analia.

Tulipiga kelele wote watatu mpaka wingu likachoka likaondoka lenyewe. Nusu ya shamba ilikuwa imesimama wima. Mpunga wenye punje huinama. Ule haukuwa na kitu cha kuuinamisha. Mama alipita akishika mashuke kwa vidole, anayaminya, anayaachia, anakwenda mbele. Aliporudi kwenye dungu hakuwa na machozi tena. Aliuliza kamba alikuwa nazo nani.

"Mimi," alisema mjomba. "Mtoto nilimtuma kuni, ndiyo kwanza amerudi. Nilikuwa nachora, nikapitiwa."

Nilinyamaza. Ningependa kuandika kwamba niliogopa fimbo, maana woga wa mtoto unasameheka. Sikuogopa. Nilikuwa nimeshajua kwamba Mama ndiye Mama Radi, na nilidhani hiyo ni siri kubwa ya watu wazima: mjomba anailinda kwa kusema uongo, na mimi natakiwa kuilinda kwa kunyamaza. Nilinyamaza kwa fahari. Hata nilimkonyeza mjomba, naye akatazama pembeni.

Mama aliliokota daftari kwenye tope. Hakuwahi kulisoma, hakuwa na muda, na hakuwa na karatasi safi ya kulilipia. Akalifungua. Alitazama lori. Alitazama kiboko. Alitazama ule mguu, ukurasa baada ya ukurasa, kisha akautazama mguu wake mwenyewe uliojaa tope.

"Huyu ni mimi," alisema.

Mjomba akaitikia kwa kichwa. Nadhani, Mungu anisamehe, alitegemea kwamba atafurahi kidogo.

"Humu nabeba lori, Kasiani. Mwaka mzima unanichora nabeba lori. Na ndoo moja ya maji hujawahi kunipokea."

Hakupaza sauti. Angepaza sauti, mjomba angepata pa kujishikiza. Alilifunga daftari, akalichomeka kwenye kitenge, akaenda kuitafuta ndoo yake. Kuanzia kesho yake mjomba alikaa juu ya dungu tangu mapambazuko mpaka giza, hakushuka hata kula, na kwa majuma mawili alipiga kelele mpaka sauti ikamwisha kabisa akabaki anavuta tu. Ndege hawakutua tena. Ila kilichokwisha kuliwa kimeliwa.

Mpunga uliobaki ulitosha mabati ya vyumba viwili. Siku fundi alipopigilia msumari wa mwisho, Mama alimwita mdogo wake kiwanjani, akamwonyesha kuta za chumba cha tatu zilizobaki wazi. "Chumba chako wamekula ndege," alimwambia. Mjomba alichukua begi lake akaenda Sibwesa kulima kwa watu. Masika yalipoanza, kuta zile zililala chini, na tope lake likatiririka mpaka mlangoni kwetu. Majirani, ambao mimi niliwasimulia ile sehemu ya mwisho, waliendelea kuja kwa miezi na karatasi zao safi, wakiuliza kama Mama Radi aliliwahi lile shamba au vipi. Mama alizipokea karatasi, akawashukuru, akazitumia kuwashia moto.

Nilielewa nikiwa kidato cha pili, nikiosha vyombo, bila mtu kuniambia. Nilielewa kwamba mtu alipoteza chumba, na nyumba, na dada, kwa ajili ya mikono yangu miwili, na kwamba hakukuwa na siri yoyote ya kulinda zaidi ya mimi. Mtu mwenye moyo angekimbia kwa Mama palepale. Mimi nilimaliza vyombo. Mwaka ule nilijiambia Mama amechoka, mwaka uliofuata nikajiambia yamepita, nikaolewa, nikazaa, nikawafundisha watoto wa watu kusema ukweli, na kila mwaka nilipata sababu mpya iliyo nzuri kuliko ya mwaka jana.

Mjomba alikaa Sibwesa miaka kumi na tisa. Alirudi mjini akiwa na mvi na kifua kibovu, akapanga chumba karibu na soko. Mama humkaribisha kila Jumapili baada ya misa, na hakuna Jumapili inayopita bila ndege kutajwa. Akichelewa, labda amekutana na ndege. Wali ukipungua, muulizeni Kasiani ulikokwenda. Yeye hucheka, akala, akaniuliza kama nimeipata hekima ya asubuhi. Hapo ndipo damu huwa inanichemka. Ametutumia ushujaa wa kila aina, wa simba, wa mchwa, wa mshumaa unaojiunguza ili uangaze, na siku moja ambayo yeye mwenyewe alisimama mahali pa mtu mwingine hajawahi kuigusa. Halafu nakumbuka kwamba alikuwa kweli anachora, na kwamba kamba zilikuwa zamu yake, na sijui tena nimkasirikie kwa lipi.

Jumapili iliyopita nilikwenda kwa Mama na karatasi yangu mkobani. Tulikula nje, upande ambao chumba cha tatu hakikujengwa tena. Mama amepanda mchicha pale, na unastawi kweli. Mjomba akauliza hotuba iko wapi. Nikaitoa nikaisoma kwa sauti, maana ilikuwa fupi: siku ile kamba nilikuwa nazo mimi, niliziweka chini kwa makusudi ili Mama Radi aje, na mjomba akasema ni yeye.

Mume wangu aliacha kutafuna. Mama aliendelea kutafuna mpaka akamaliza.

"Na yeye alikuwa anafanya nini?" akauliza.

"Alikuwa anachora," nikasema.

"Basi usimsafishe sana."

Nikadhani yameishia hapo. Lakini hakurudisha mkono kwenye sahani. Alimgeukia mdogo wake, akamuuliza kwa nini hakusema.

"Ungempiga, dada."

"Ningempiga, ndiyo. Angelia, na kesho yake ingekuwa imekwisha. Wewe umeishi kwa watu miaka kumi na tisa, Kasiani, kwa ajili ya fimbo tatu za mtoto?"

Mjomba ana hekima ya kila jambo chini ya jua, na ya hilo hakuwa nayo. Alichezea kijiko. Mwisho alisema, kwa sauti ambayo karibu sikuisikia, "Aliniamini, dada. Nilichora kitu na mtu akakiamini mpaka akaweka kamba chini. Sasa ningemchongeaje?"

Mama alinyanyuka. Alichukua mwiko kwenye sufuria, akaja upande wangu, akanipiga nao begani, mmoja tu, wa nguvu, mbele ya mume wangu na wanangu, mimi mwalimu wa watu. Punje za wali zikabaki kwenye blauzi yangu ya kanisani. Hakuna aliyecheka, hata mume wangu. Kisha akaenda kwa mjomba, akamjazia sahani mpaka wali ukamwagika pembeni, akamwambia ale, ale sana, maana huko Sibwesa amekonda mno. Mjomba amerudi mjini miaka sita sasa. Aliinamia ile sahani akala, na Mama akabaki amesimama pembeni yake na mwiko mkononi mpaka alipomaliza.